Mashuti na Mateke: Mbogi ya Lisbon Yenye Ilikataa Kuzima

Inua mikono zako zote mbili juu. Kunja ngumi. Sasa zipishanishe hapo juu ya kichwa hadi zichore X. Ukichora hio X katikati ya Lisbon, msee wa miaka 60 mwenye hajawahi kukuona ataweka mzigo chini akurudishie yake, na mtoi wa shule mwenye amesimama hapo kando atainua pia. Hakuna mwenye atakuuliza unamaanisha nini. Nchi yote inajua.

Hio X ni ya bendi inaitwa Xutos & Pontapés. Kwa Kireno hio X husomwa "sh", kwa hivyo jina inatamkwa karibu na "Shutush i Pontapesh". Tafsiri ya mtaa ni rahisi: Mashuti na Mateke. Na kwa hio "shuti" tayari tumekutana, juu wao pia walitoa hio neno kwa mpira ya Waingereza, vile tu sisi tulifanya. Kwa kamusi yao inaandikwa "chuto". Hawa majamaa wakaitupia X hapo mbele, wakaiandika kimtaa, na X ikakua hadi ikawa kubwa kuliko jina yenyewe.

Nataka kukupea stori yao juu ya hesabu moja. Shoo ya kwanza walipiga Januari 1979. Albamu yenye iliwafungulia nchi nzima ilitoka 1987. Hapo katikati ni miaka 8. Sasa niambie, ni mbogi ngapi unajua zenye ziliangusha ngoma moja, watazamaji wakakosa YouTube, na kabla mwaka iishe kila msee ameshika njia yake? Mimi nimeona kadhaa zikivunjika hivo, na ndani yao kulikuwa na vichwa zilikuwa zimeiva kabisa. Ndio maana hii stori inanigusa, na ndio maana nataka uisome hadi mwisho.

Nchi yenye ilifungwa mdomo

Ili uelewe hawa wasee walitoka wapi, anza na venye Ureno ilikuwa. Kuanzia 1926 hadi 1974 hio nchi ilikaa chini ya udikteta. Gazeti, filamu, mashairi ya ngoma, kila kitu ilipita kwanza kwa meza ya wakaguzi wa sirkal, na wakaguzi walikuwa na kalamu ya bluu ya kukata maneno yenye hawataki. Kijana akifikisha umri ya jeshi anadungwa magwanda, anapelekwa Angola, Guinea ama Msumbiji kupigana na watu wenye wanadai uhuru ya kwao. Hio vita ya Msumbiji wazee wetu wa upande wa Tanzania wanaijua fiti, juu Frelimo ilizaliwa Dar es Salaam mwaka 1962.

Ilifika mahali hadi wanajeshi wenyewe wakachoka. Usiku wa kuamkia 25 Aprili 1974, redio ikacheza "Grândola, Vila Morena" ya Zeca Afonso. Hio ngoma ilikuwa ishara ya siri kwamba majeshi yatoke kambini. Asubuhi watu wakamwagika barabarani, wakachomeka maua nyekundu kwa midomo ya bunduki, na kufika jioni udikteta imeanguka. Fikiria hio kitu. Nchi ilifunguliwa na wimbo kwa redio.

Hio siku kijana mmoja wa Lisbon, Zé Pedro, alikuwa na miaka 17. Yaani amekua akiambiwa anyamaze, halafu kabla atimize 18 anaambiwa sema chochote unataka. Rika yake nzima ilikuwa na sauti mpya na haikuwa inajua itaipeleka wapi.

Yeye alipata jibu kwa safari. Kiangazi ya 1977 alipanda treni akazunguka Ulaya, akaishia Mont-de-Marsan, mji mdogo wa kusini ya Ufaransa wenye ulikuwa na tamasha ya panki. The Clash walikuwa kwa hio jukwaa. The Damned pia. Akaona wasee wa kawaida, nguo zimechanika, gitaa zinapiga noti chache tu lakini kwa nguvu ya kubomoa ukuta, na umati imechizi. Panki ilikuwa inamwambia kitu moja: huhitaji ruhusa ya mtu, na huhitaji kuwa fundi, shika chombo uanze. Alirudi Lisbon akiwa ameshaamua.

Dakika chache kwa ukumbi wa densi

Kufika mwisho wa 1978 mbogi ilikuwa imepatikana. Zé Pedro kwa gitaa. Kalú kwa ngoma zenyewe, zile za kuchapwa na fimbo. Tim kwa besi, kijana wa miaka 18. Zé Leonel kwa maiki. Jina zilijaribiwa mbili kabla ya hii yenye tunajua. Moja ilikuwa Delirium Tremens, ile tetemeko yenye hushika mlevi akinyimwa pombe. Ingine ilikuwa Beijinhos e Parabéns, yaani Mabusu na Hongera. Mwishowe wakakubaliana na Mashuti na Mateke, na hio ndio ilikaa.

Tarehe 13 Januari 1979 wakapanda jukwaa ya Alunos de Apolo, ukumbi wa chama ya densi kwa mtaa wa Campo de Ourique. Hapo ni mahali watu wazima walizoea kwenda wakiwa wamependeza, kuzunguka na wapenzi wao polepole. Hio usiku kulikuwa na sherehe ya kukumbuka miaka 25 ya rokenroli, na hawa majamaa wakapewa nafasi ndogo. Walipiga ngoma chache, mbio mbio, zikaisha kwa dakika za kuhesabu. Zé Pedro hakuwa fundi wa gitaa, na maisha yake yote hakuwahi kujifanya fundi. Kenye alikuwa nacho ni ile tabasamu yake, na imani kwamba yeye na mabeste wake wako na haki ya kusimama hapo.

Hivyo ndivyo bendi kubwa ya roki ya Ureno ilianza. Usisahau hio picha, juu tutairudia.

Kila mtu aliomoka, wao wakabaki

1980 Ureno ikalipuka. Rui Veloso, kijana wa Porto, akaangusha albamu "Ar de Rock", na ndani yake kulikuwa na ngoma "Chico Fininho", stori ya msee wa mtaa mwenye amekwama kwa unga. Kwa Kireno. Kireno ya kitaa, yenye watu waliongea kwa base na kwa foleni ya basi. Kabla ya hapo wengi walikuwa wanaamini roki lazima iimbwe na Kizungu, la sivyo haina ladha. Hio kitu sisi tunaijua. Tulikuwa na yetu pia, hadi vijana wa Kalamashaka wakatoka Dandora miaka ya 90 wakachana Kiswahili na Sheng, na ghafla kila mtaa ikajua inaweza kujiskia kwa redio. Ureno ilipitia hio mwamko yake 1980.

Baada ya hapo kampuni za rekodi zikaanza kushika kila kijana mwenye ako na gitaa. UHF wa Almada, ng'ambo ya mto kutoka Lisbon, wakawika na "Cavalos de Corrida". GNR wa Porto wakaja 1981 na "Portugal na CEE", ngoma ya kutaka Ureno iingie soko ya pamoja ya Ulaya. Táxi nao wakatesa. Kila wiki kuna jina mpya.

Xutos & Pontapés walikuwa hapo hapo na hakuna kampuni kubwa iliwachukua. Wao walikuwa wakali kiasi, wachafu kiasi, na makampuni zilikuwa zinataka kitu laini. Mwenye aliwaona ni mtangazaji wa redio, António Sérgio, msee mwenye vijana wa Ureno walikuwa wanakesha wakimskiza ili wajue muziki mpya ya dunia. Yeye ndiye alitoa singo yao ya kwanza, "Sémen", mwaka 1981, na albamu yao ya kwanza, "78/82", mwaka 1982, kupitia lebo ndogo inaitwa Rotação. Jina ya hio albamu ni miaka tu, kutoka 78 hadi 82, ka mfungwa mwenye anachora siku zake ukutani.

Na hapo ndani ya mbogi mambo yalikuwa yanasonga. Zé Leonel alihepa 1981. Wengine wangetafuta mwimbaji mpya. Hawa wakamwangalia Tim, yule wa besi, wakamwambia shika maiki. Hadi leo Tim anaimba akiwa na besi shingoni. Francis akaingia na gitaa ya pili, halafu naye akatoka. 1983 akaja João Cabeleira, na hapo gitaa ya bendi ikapata fundi wa kweli. Baadaye kidogo akaongezeka Gui na saksafoni yake. Hio saksafoni ukiiskia katikati ya gitaa zenye zinanguruma, ni ka mtu amefungua dirisha kwa chumba yenye imejaa moshi.

Halafu ile mlipuko ikaisha. Kampuni zenye zilikuwa zinashika kila mtu zikaacha kila mtu. Bendi nyingi za 1980 zikazimika. Xutos hawakuwa na kitu ya kupoteza. Hakuna mkwanja ilikuwa imewazoea, kwa hivyo hakuna mkwanja iliwahepa. Wakaendelea tu.

Sinema ya zamani kwa mtaa wa Rego

Ka kuna mahali hii bendi ililelewa, ni Rock Rendez-Vous. Ilikuwa sinema ya zamani Lisbon, na mwisho wa 1980 ikageuzwa ukumbi ya roki. Hapo ndio bendi changa zilikuwa zinajipima mbele ya watu wenye hawadanganyiki. Ukumbi ilikuwa na shindano yake ya bendi mpya na lebo yake mwenyewe, Dansa do Som. Ilifungwa 1990, lakini hio miaka 10 ilitosha kulea muziki ya nchi.

Xutos walipiga hapo tena na tena. Kila shoo inaleta mabeste wa mabeste. Kila msee mwenye alikuja Ijumaa anarudi na brathake wiki ingine. 1985 lebo ya huo ukumbi ikatoa albamu yao ya pili, "Cerco". Maana ya hio neno ni kuzingirwa, vile jeshi huzunguka mji usipate chakula. Jina inakuonyesha walikuwa wanajiskia aje. Lakini ndani yake kuna "Homem do Leme", ngoma ya msee wa usukani, nahodha mwenye amesimama peke yake baharini usiku na bado anashikilia njia. Watu wa pwani hawahitaji kuelezewa hio picha.

Kuna rekodi ya shoo zao za kiangazi 1986 hapo Rock Rendez-Vous, yenye ilikuja kutolewa kama albamu mwaka 2000. Itafute uskie. Kenye utaskia ni umati. Wanaimba kila neno, na hizi ni ngoma zenye redio kubwa hazikuwa zinacheza. Hao watu walizijuaje? Walizishika hapo hapo, wamesimama, shoo baada ya shoo. Hio ndio miaka 8 ilijenga. Hakuna tangazo inaweza kukununulia hio kitu.

1987: mlango unafunguka

Mwaka 1986 Ureno iliingia soko ya pamoja ya Ulaya, na nchi ikaanza kubadilika mbio. Barabara mpya, doo mpya, vijana wenye wanataka kitu yao. Na PolyGram, kampuni kubwa, mwishowe ikafungua macho. 1987 ikatoka "Circo de Feras", yaani Sarakasi ya Wanyama Wakali.

Manze, hio albamu! "Contentores" ni ngoma ya mtu mwenye mizigo iko tayari na anaaga wapendwa wake, na jina yake ni Makontena. Msee mwenye amekulia karibu na Kilindini, akitazama meli zikipakia, ataielewa hata bila kujua neno moja ya Kireno. "Não Sou o Único" ni Siko Peke Yangu. Hio jina pekee inatosha. Nchi yenye kwa miaka 48 kila mtu aliogopa kuongea na jirani, sasa maelfu wanaimba kwa pamoja kwamba hawako peke yao, mikono juu, zimechora X.

Mwaka huo huo wakafanya kitu yenye hakuna mtu alitarajia. Walichukua "A Minha Casinha", wimbo yenye bibi zao walikuwa wanaimba jikoni. Uliimbwa na Milú kwa filamu "O Costa do Castelo" ya 1943, wimbo tamu wa mtu mwenye anakumbuka kanyumba yake ndogo. Kwa Sheng ningeuita Kakeja Kangu. Xutos wakauchukua wakaupiga ka panki, haraka, mfupi, gitaa zimewaka. Mathe akausikia akatabasamu juu anaujua. Mtoi akausikia akaruka juu unaruka. Wakaanza kufungia shoo zao na huo wimbo, na hadi sahii watu hawaendi nyumbani kabla uimbwe. Fikiria mbogi ya hapa ichukue wimbo wenye shosho yako alikuwa anaimba akichambua sukuma, iupige kivyao, na shosho na wewe mcheze kwa sebule moja. Hio ndio nguvu walipata.

1988 ikaja "88", na ndani yake kuna "À Minha Maneira", maana yake Kwa Njia Yangu, na "Para Ti Maria". Mwaka huo huo wakatoa albamu ya shoo ya moja kwa moja. Sasa walikuwa bendi ya nchi. Miji midogo, sherehe za watakatifu kijijini, viwanja za mpira, kila mahali wanaitwa. Kuna ngoma yao ingine inaitwa "Dia de S. Receber". Kwa Ureno kila mtakatifu ako na siku yake kwa kalenda, kwa hivyo wao wakamtengenezea mtakatifu wa mfanyakazi: Siku ya Mtakatifu Kulipwa. Ka umewahi kuhesabu siku za mwisho wa mwezi ukiwa na finje moja mfukoni, hio ngoma ni yako.

Giza yenye huja baada ya sifa

Hapa ndio mbogi nyingi huvunjikia. Kuanguka mkiwa pamoja ni rahisi, kazi ni kusimama pamoja mkishaomoka.

Miaka ya 90 ilikuwa ngumu kwao. Albamu zilitoka, "Gritos Mudos" 1990, "Dizer Não de Vez" 1992, "Direito ao Deserto" 1993, lakini ule moto wa 1987 ulikuwa umepungua na wasee walikuwa wamechoka. Kenye walifanya hapo ni busara ya watu wazima. Waliachiliana nafasi bila kuachana. Tim akaingia Resistência, kundi ya wanamuziki wa bendi tofauti wenye waliimba na gitaa za kawaida zisizo na umeme, na baadaye Rio Grande pamoja na Rui Veloso na Jorge Palma. Zé Pedro na Kalú wakapiga na Jorge Palma kwa Palma's Gang. Hao wawili pia walikuwa kati ya wenye walifungua Johnny Guitar, baa ya muziki Lisbon penye bendi changa zilipata jukwaa. Kila mtu akaenda kupumua, akajifunza kitu, akarudi na hicho kitu kejani.

Na walirudi. 1999, walipotimiza miaka 20, bendi 20 za Ureno ziliwatengenezea albamu, "XX Anos XX Bandas", kila bendi ikiimba ngoma yao moja. Watoi wenye walikuwa wanasimama mbele ya jukwaa Rock Rendez-Vous sasa walikuwa na bendi zao, na walikuwa wanalipa deni.

Lakini kuna giza ingine, na hii lazima nikuambie wazi juu iko hata kwa mitaa yetu. Zé Pedro aliingia kwa unga na tei kwa miaka mingi. Yeye mwenyewe aliongea hio kitu bila kujificha, ili vijana wasidanganyike kwamba hio ndio roki. Aliacha, lakini mwili haukusahau. Hepatitisi C ilikula ini yake hadi 2011 akawekewa ingine. Baada ya kupona akarudi kwa jukwaa na ile tabasamu yake. Kila msee mwenye ako na beste anapigana na hio kitu sahii, ajue kuna mtu alitoka. Na ajue pia bei yenye alilipa.

2004 rais Jorge Sampaio aliwapatia nishani ya taifa. Hawa wasee wenye walianza na jina ya mateke, wakiwa na nguo za kuchanika, sasa wamesimama mbele ya rais wakivishwa heshima ya nchi. Lakini hio haikuwafunga mdomo. 2009 walitoa "Sem Eira nem Beira", ngoma ya watu wenye hawana kitu, na nchi nzima ikaiskia ka barua ya kumlalamikia waziri mkuu wa wakati huo, José Sócrates. Uchumi ulikuwa unaanza kubomoka. Miaka 2 baadaye Ureno iliokolewa na mkopo wa yuro bilioni 78, na vijana wenye wamesoma walikuwa wanapanda ndege kwenda kusaka kazi ng'ambo. Mwezi Septemba mwaka huo wa 2009 Xutos walijaza uwanja wa Restelo, Lisbon, kusherehekea miaka 30.

Leso nyekundu

Sasa angalia hawa mashabiki kwa karibu. Wengi wamefunga kitambaa nyekundu, wengine shingoni, wengine kichwani, wengine kwa mkono, na X iko hapo. Kwa Kireno hio kitambaa inaitwa "lenço". Isome polepole. Lenço. Leso. Ndio hio hio neno. Karne ya 19 mama zetu wa pwani walikuwa wananunua hizo vitambaa za Wareno, wanashona kadhaa pamoja kupata nguo moja pana, na jina ikabaki hadi leo kwa ile leso yenye mathe amejifunga kiunoni. Kwa hivyo shabiki wa Xutos akipeperusha lenço yake kwa uwanja, anapeperusha neno yenye iko kwa kabati ya mathe wako.

Tarehe 4 Novemba 2017 Xutos walipiga ukumbi wa Coliseu, Lisbon. Zé Pedro alikuwa mgonjwa na kila mtu aliona. Alikuwa amekonda, amechoka, lakini alisimama na gitaa yake mbele ya watu wake. Hio ndio ilikuwa shoo yake ya mwisho. Tarehe 30 Novemba alituacha, akiwa na miaka 61.

Waliweka mwili wake kwa monasteri ya Jerónimos, mtaa wa Belém, na watu wakapiga foleni kumuaga. Hio jengo ndio penye Vasco da Gama amezikwa, yule nahodha mwenye alifika Mombasa na Malindi mwaka 1498. Nikifikiria hio kitu huwa nanyamaza kidogo. Kwa karne nyingi hizo kuta zilikuwa za wafalme na manahodha wenye walienda kutawala watu. Hio siku zilifunguliwa kwa msee wa gitaa mwenye hakuwahi kutawala mtu, na umati ya nje ilikuwa ya makanika, wauguzi, walimu, watoi wa shule, mikono juu, zimechora X.

Juni 2018, kwa tamasha ya Rock in Rio Lisbon, Xutos walipiga bila yeye. Walipofika "A Minha Casinha", rais wa nchi, Marcelo Rebelo de Sousa, na waziri mkuu, António Costa, walipanda jukwaa wakaimba nao kumkumbuka. Rais mzima, anaimba wimbo wa kanyumba kadogo, kwa heshima ya panki.

Nafasi ya Zé Pedro hawakuweka mtu. Tim, Kalú, João Cabeleira na Gui waliendelea wanne. Albamu yao ya 2014, yeye akiwa bado hai, inaitwa "Puro", yaani Safi. Yenye ilifuata 2019 inaitwa "Duro", yaani Ngumu. Hizo majina mbili zinasimulia kenye mbogi ilipitia.

Neno kwa wewe mwenye uko na mbogi

Sahii hii bendi imepita miaka 45 na bado inapanda jukwaa. Narudi kwa ile picha nilikuambia usisahau: vijana wanne kwa ukumbi wa densi, ngoma chache, dakika za kuhesabu, na mwenye gitaa si fundi. Hakuna mtu kwa hio ukumbi angeweza kukuambia hawa ndio watakaoimbwa na rais.

Kenye kiliwafikisha ni kidogo na ni kigumu. Waliimba na lugha ya kwao wakati wengine waliona haya. Mwimbaji alipotoka walimwangalia mwenye yuko tayari ndani ya nyumba. Walipochoshana walipumzishana. Mmoja alipozama kwa unga, kiti yake ilibaki yake. Na walikubali kujulikana na watu 100 kabla ya kujulikana na milioni 10.

Kwa hivyo ka uko na mbogi, mko kwa keja ya mtu na kompyuta moja na maiki yenye mmefunga na selotepu, na ngoma yenu ya kwanza imeskizwa na watu 200 pekee, wapigie simu leo. Pangeni mazoezi ya wiki ijayo. Hao watu 200 ndio Alunos de Apolo yenu. Mko mwaka wa kwanza. Wao walingoja hadi wa nane.